Vitabu viwili, njaa moja

Kuna maswali mawili ambayo siku hizi nauliza kila ninaposhika kitabu kuhusu China, kiwe cha historia, cha siasa au cha safari. Mwandishi alitembezwa na nani? Na jioni, wenyeji wake walipoondoka, nani alibaki akizungumza naye?

Maswali haya sikuyapata chuoni. Niliyapata kwa kusoma vitabu vya watu wawili kwa kufuatana. Mmoja ni Edgar Snow, Mmarekani. Mwingine ni Yang Jisheng, Mchina. Wote ni waandishi wa habari. Wote waliipenda China. Wote walikuwa ndani ya nchi hiyo wakati mamilioni ya watu wakifa kwa njaa. Mmoja akaandika kwamba hakuona mtu anayekufa njaa. Mwingine njaa ilimuua baba yake, na bado kwa miaka mingi hakuona kama kuna la kuandika.

Tuanze na Snow. Mwaka 1936 alipenya hadi Bao'an, kaskazini-magharibi mwa China, ambako wakomunisti walikuwa wamezingirwa na majeshi ya serikali. Akakaa na Mao Zedong, akamhoji kwa saa nyingi. Mwaka uliofuata, 1937, kikatoka kitabu chake Red Star Over China. Wasomaji wengi wa nje walimjua Mao kwa mara ya kwanza humo. Tusimdharau mzee huyu. Alikwenda mahali ambapo wenzake waliokaa Shanghai wakinywa whisky hawakuthubutu kwenda. Tena hakuwa mgeni wa njaa. Mwaka 1929 alisafiri katika maeneo ya ukame kaskazini, akawaona kwa macho yake watu waliobaki ngozi na mifupa. Alijua njaa inafananaje.

Mwaka 1960 Snow alirudi China akiwa mgeni wa heshima. Akazungushwa viwandani, mashuleni na kwenye komuni za wakulima. Akakutana tena na Mao, akakutana na waziri mkuu Zhou Enlai. Kitabu cha safari hiyo, The Other Side of the River, kilitoka mwaka 1962. Humo alikiri kwamba chakula kilikuwa haba na kiligawiwa kwa vipimo. Lakini akasema hakuona watu wanaokufa kwa njaa, wala kitu kinachofanana na njaa za zamani.

Sasa tuone kilichokuwa kinatokea mwaka huo.

Mwaka 1958 Mao alianzisha kampeni iliyoitwa Mruko Mkubwa wa Kwenda Mbele. China iifikie Uingereza kwa uzalishaji wa chuma katika miaka michache. Wakulima wakaingizwa kwenye komuni kubwa, wakaacha kupika majumbani na kula kwenye mabwalo ya pamoja. Wengine walitolewa mashambani kwenda kuyeyusha masufuria na majembe kwenye tanuri za uani, ili nchi ipate chuma. Chuma kilichopatikana kwa sehemu kubwa hakikufaa kitu. Shomoro waliuawa nchi nzima kwa kosa la kula nafaka, na wadudu waliokuwa wakiliwa na shomoro wakastarehe.

Ila kilichoua zaidi ni takwimu. Kada wa kijiji alitaka kumfurahisha wa wilaya, wa wilaya akataka kumfurahisha wa mkoa, na kila ngazi ikaongeza sifuri yake. Magazeti yakashangilia. Mwaka 1958 ilichapishwa picha ya watoto wamesimama juu ya mpunga, eti umestawi kiasi cha kuweza kuwabeba. Mpunga ule ulikuwa umeng'olewa kwenye mashamba mengi na kusongamanishwa katika shamba moja. Watoto walisimama juu ya benchi lililofichwa chini yake.

Unaweza kucheka, lakini serikali ilikusanya nafaka kwa kufuata takwimu hizo. Kama umetangaza magunia elfu kumi wakati una elfu tatu, ukidaiwa elfu tatu utatoa yote, na familia yako ile nini? Mwaka 1959, watu wakiwa wameshaanza kufa, China iliuza nje zaidi ya tani milioni 4 za nafaka. Mwaka huohuo waziri wa ulinzi, Peng Dehuai, alimwandikia Mao barua kueleza kasoro za kampeni ile. Akafukuzwa kazi. Baada ya hapo, nani tena angethubutu kusema?

Hapo ndipo anaingia Yang Jisheng. Mwaka 1959 alikuwa mwanafunzi wa sekondari katika mkoa wa Hubei, kijana msomi na mwaminifu kwa chama, mwandishi wa gazeti la ukutani la shule. Siku moja rafiki yake wa kijijini akaja mbio kumwambia baba yake ana hali mbaya. Yang akachukua mchele kidogo, akaenda. Akamkuta mzee amelala, hawezi tena kumeza. Baada ya siku tatu akafariki.

Kijana akalia, akamzika, akarudi shuleni. Akaendelea kuandika sifa za Mruko Mkubwa. Kwake ile ilikuwa bahati mbaya ya nyumba yao tu. Hakujua kwamba nyumba ya jirani, wilaya ya jirani na mkoa wa jirani walikuwa katika msiba huohuo, kwa sababu hakuna gazeti lililomwambia. Baadaye akajiunga na chama, akaajiriwa Xinhua, shirika la habari la serikali, akawa mwandishi mwandamizi.

Baada ya mauaji ya Tiananmen ya mwaka 1989 akaanza kuutazama upya msiba ule wa nyumbani. Katika miaka ya 1990 alitumia kitambulisho chake cha Xinhua kuingia kwenye kumbukumbu za serikali mkoa baada ya mkoa, akisema anatafiti historia ya sera za kilimo. Matokeo yake ni kitabu kiitwacho Mubei, yaani Jiwe la Kaburi, kilichotolewa Hong Kong mwaka 2008 katika juzuu mbili. China bara kikapigwa marufuku. Mwaka 2012 kikatoka kwa Kiingereza kwa jina la Tombstone.

Yang anakadiria kwamba waliokufa ni milioni 36. Wataalamu hawakubaliani. Wapo wanaosema milioni 15, na Frank Dikötter, katika kitabu chake cha mwaka 2010, anafika milioni 45. Lakini hata ukichukua hesabu ndogo kabisa, hakuna njaa nyingine ya karne ya 20 iliyoua watu wengi hivyo.

Kitabu kinaanza na Xinyang, katika mkoa wa Henan, ambako walikufa si chini ya watu milioni moja. Kuna jambo moja humo ambalo halinitoki. Wananchi waliandika barua kuomba msaada. Posta ikazizuia, barua zipatazo 12,000. Maghala yalikuwa na nafaka na walinzi. Watu walikuwa na kalamu, karatasi na stempu, na wakafa bila kusikika.

Utasema hayo ni ya Wachina, yanatuhusu nini? Radio Peking ilianza kutangaza kwa Kiswahili mwezi Septemba 1961, njaa ikiwa haijaisha. Mwalimu Nyerere alikwenda China kwa mara ya kwanza Februari 1965, miaka michache tu baada ya maziko yale. Kizazi cha wazee wetu kiliijua China kupitia redio hiyo, vitabu vidogo vyenye jalada jekundu, na baadaye reli ya TAZARA iliyojengwa kati ya 1970 na 1975. Reli ni ya kweli, na waliokufa wakiijenga walikufa kweli. Mimi siibezi. Nasema tu kwamba mwanakijiji wa Xinyang hakuwa na redio ya kutuambia lolote.

Sasa nieleze kwa nini vitabu hivi vilininyima usingizi.

Miaka michache iliyopita nilipanda gari la msafara wa kiongozi mmoja kwenda kuzindua mradi wa maji kijijini. Maji yalitoka, akina mama wakapiga vigelegele, picha zikapigwa. Wakati tunapanda gari kuondoka, mama mmoja akaniambia kwa sauti ya chini, "Mwanangu, bomba hili limefunguliwa asubuhi hii kwa ajili yenu." Nilimsikia vizuri sana. Gari lilikuwa linanguruma, bahasha ya posho ilikuwa mfukoni, na mhariri alikuwa anasubiri habari. Niliandika vigelegele. Mama yule sikumwandika.

Hakuna aliyekufa kwa habari yangu, angalau sijui kama yupo. Lakini ndiyo maana siwezi kumcheka Snow. Hakudanganya. Aliandika alichoonyeshwa. Na siwezi kumcheka kijana Yang aliyemzika baba yake na kurudi kwenye gazeti la ukutani. Tofauti yao na yangu ni kwamba Yang alirudi kuuliza, ijapokuwa baada ya miaka thelathini.

Kwa hiyo, ndugu zangu, vitabu vya China visomeni, vya Snow pia. Ila kila ukurasa wenye mpunga mzito unaobeba watoto, chungulia chini kama kuna benchi.

Mimi wiki ijayo nina safari. Nimeomba ruhusa ya siku mbili. Nakwenda kule kijijini kwa basi, bila msafara, kumtafuta yule mama na kuangalia lile bomba.