Nyumba ya Miaka 30: Historia ya Deni la Nyumba na Bei Yake ya Kweli



Karibu kila mkutano wetu kuna neno linalorudi. Mama mmoja anasema: «Kijana wangu amenunua nyumba Marekani, nyumba ya dola 200,000, na mimi huku mabati yanavuja. Namna gani huyu mtoto amenisahau?» Wengine wanaitikia. Maneno yanakuwa makali, simu hazipokelewi tena, jamaa inagawanyika. Tulitoka pamoja kambini, sisi tukarudi Fizi, Uvira na Baraka, wao wakapanda ndege. Sasa nyumba inataka kututenga zaidi kuliko bahari.

Kwa hiyo nimeona ni vizuri tuongee historia ya hilo deni la nyumba: lilitoka wapi, linatembea namna gani, na nani analipa nini. Hii si mambo ya Marekani peke yake. Hapa kwetu pia kuna watu wanaotaka kuweka parseli yao rehani, na hesabu ni ndugu ya hesabu.

Dhamana iliyokufa

Jina Wamarekani wanaloita deni hilo lilitoka katika Kifaransa cha zamani, na maana yake ni «dhamana iliyokufa». Mwanasheria mmoja Mwingereza wa miaka ya 1600, Edward Coke, alieleza hivi: kama mkopaji hakulipa, shamba linakufa kwake, kama alilipa, dhamana inakufa kwa mkopeshaji. Sisi tunaosoma sheria ya Kifaransa tunasema hipoteke. Jina ni lingine, jambo ni moja: unakaa ndani ya nyumba, unapaka rangi, unapanda maua, lakini mpaka siku ya malipo ya mwisho kuna mtu mwingine mwenye haki ya kuiuzisha usipolipa.

Marekani kabla ya 1933

Wengi wanafikiri Wamarekani walikuwa na deni la miaka 30 tangu zamani. Hapana. Kabla ya miaka ya 1930, mtu aliyetaka nyumba alitoa mara nyingi karibu nusu ya bei mkononi. Nusu ya pili alikopa kwa miaka 3 au 5 hivi. Katika muda huo wengi walilipa intere tu, deni lenyewe lilibaki kama lilivyo. Siku ya mwisho walitakiwa kulipa lote mara moja, ao kuomba banki iwaandikie deni jipya.

Mpango huo ulitembea wakati kazi zilikuwepo. Mwaka wa 1929 uchumi ulianguka. Banki zenyewe zilikosa feza, zikakataa kuandika deni jipya. Watu walikosa kazi. Katika 1933 nyumba karibu 1,000 zilikuwa zinanyanganywa kila siku.

Serikali ya Rais Roosevelt iliingia kati. Mwaka huo wa 1933 iliunda shirika la HOLC, ambalo lilinunua madeni ya nyumba karibu milioni 1 na kuyapanga upya: miaka 15, na kila mwezi unalipa kiasi kimoja, ndani yake kuna intere na kipande cha deni. Mwaka wa 1934 ikaja FHA, ofisi ya kudhamini mikopo, ili banki isiogope kukopesha muda mrefu. Muda ukaongezwa kwanza mpaka miaka 20, kisha 25, kisha 30. Ndivyo deni la miaka 30 lilivyozaliwa. Lilikuwa dawa ya msiba, na liliokoa watu wengi. Lakini kila dawa ina uchungu wake.

Tusisahau jambo lingine. HOLC ilichora ramani za miji, na mitaa ya watu weusi ikapakwa rangi nyekundu, maana yake hatari. FHA nayo ilikataa kudhamini mikopo mingi ya mitaa hiyo. Kwa miaka zaidi ya 30, weusi walifungiwa mlango huo wakati weupe walikuwa wanajenga mali. Sheria ya kukataza ubaguzi huo ilitoka mwaka wa 1968 tu. Wandugu zetu wanaofika leo wanaingia katika nyumba yenye historia hiyo.

Hesabu yenyewe

Sasa tuchukue kalamu. Tuseme kijana wetu amekopa dola 100,000 kwa miaka 30, intere ya 7 kwa 100 kwa mwaka. Kila mwezi atalipa karibu dola 665. Inaonekana nyepesi, sawa na kodi ya nyumba. Lakini miaka 30 ni miezi 360. Zidisha: inafika karibu dola 239,500. Amekopa 100,000, amerudisha 239,500. Intere peke yake ni 139,500, inapita deni lenyewe.

Kuna jambo la pili ambalo wengi hawalioni. Mwezi wa kwanza, katika zile dola 665, dola 583 zinaenda kwa intere, na 82 tu ndizo zinapunguza deni. Juu ya nini? Juu intere inahesabiwa kwa deni lililobaki, na mwanzoni deni lote liko pale. Baada ya miaka 5 kijana amekwisha kulipa karibu dola 39,900, na deni limeshuka kwa dola 5,900 hivi. Bado anadaiwa zaidi ya 94,000. Nusu ya deni itaisha baada ya miaka karibu 22! Miaka 8 ya mwisho ndiyo inamaliza nusu ya pili.

Mama anayehesabu nyumba ya mtoto wake, ahesabu vile: mwaka wa 5, mtoto hana nyumba ya 200,000. Ana kile alichotoa mkononi siku ya kununua, pamoja na kile kidogo alichopunguza, na kama bei za nyumba zimepanda, ana faida hiyo pia. Kama zimeshuka, anaweza kudaiwa kuliko bei ya nyumba yenyewe.

Na intere haikai mahali pamoja. Mwaka wa 1981 ilipita 18 kwa 100. Kwa deni lile lile la 100,000 na intere ya 18, malipo ni dola 1,507 kwa mwezi, na jumla inapita dola 540,000. Mwaka wa 2020 na 2021 ilishuka chini ya 3 kwa 100. Kwa 3, malipo ni 422 na jumla ni 152,000 hivi. Mwishoni mwa 2023 ilikaribia 8. Watoto wawili wa mama mmoja, nyumba za bei moja, wamenunua miaka miwili tofauti, mmoja anatuma feza na mwingine hawezi. Si roho mbaya. Ni mwaka alioweka sahihi.

Vitu visivyo ndani ya zile dola 665

Malipo ya banki si yote. Kuna kodi ya nyumba inayolipwa kila mwaka kwa serikali ya pale, na hiyo haiishi hata ukimaliza deni. Kuna asiransi ya nyumba, ambayo banki inalazimisha. Anayetoa feza kidogo mkononi, kwa mfano 3.5 kwa 100 katika mpango wa FHA, analipa tena asiransi nyingine, na hiyo inamlinda mkopeshaji, haimlindi yeye. Kuna gharama za makaratasi siku ya kununua. Na kuna paa, mabomba, mashine ya kupasha moto wakati wa baridi. Mpangaji mambo hayo anamwachia mwenye nyumba. Sasa mwenye nyumba ni yeye.

2008

Kuelekea 2008, kampuni za kukopesha zilitoa mikopo kwa watu wengi bila kuangalia kama wataweza. Mikopo mingine ilikuwa na intere ndogo miaka 2 ya kwanza, kisha ikapanda. Mtu alionyeshwa malipo ya mwezi wa kwanza tu. Bei za nyumba ziliposhuka, hakuweza kulipa na hakuweza kuuza. Septemba 2008 serikali ilichukua Fannie Mae na Freddie Mac, kampuni mbili kubwa za madeni ya nyumba, na tarehe 15 ya mwezi huo banki Lehman Brothers ikafilisika. Mamilioni ya jamaa walipoteza nyumba. Wazee wetu walisema zamani: kukopa harusi, kulipa matanga.

Sheria ya kuonyesha bei ya kweli ilikuwepo tangu 1968, na leo mkopeshaji lazima aandike jumla yote mkopaji atakayolipa. Siku hizi, kwa mikopo ya kawaida, jumla hiyo iko kwenye ukurasa wa 5 wa karatasi ya mwisho anayopewa kabla ya kuweka sahihi. Tatizo ni kwamba wengi wanasoma ukurasa wa kwanza tu.

Na hapa kwetu?

Watu wanauliza: mbona sisi tunajenga tofali kwa tofali, miaka 10, bila banki? Hiyo nayo ina historia.

Mwaka wa 1952 serikali ya Wabeleji ilianzisha Office des Cités Africaines, OCA. Bagira ya Bukavu ilijengwa na OCA, na Ngagara ya Bujumbura wazee bado wanaiita OCAF. Mfanyakazi mwenye mshahara aliweza kupata nyumba na kulipa kidogo kidogo. Baada ya uhuru njia hiyo ilififia.

Kilichoua deni la muda mrefu kwetu zaidi ni kuharibika kwa feza. Zaïre ilipozaliwa mwaka wa 1967, zaïre 1 ilikuwa sawa na dola 2. Tuseme mtu alikopesha zaïre 1,000 mwaka huo, yaani dola 2,000, kwa miaka 30. Oktoba 1993 serikali ilileta zaïre mpya: moja kwa milioni 3 za zamani. Zile 1,000 hazikufika hata sehemu ya 1 kwa 1,000 ya noti moja mpya. Mwaka wa 1998 ikaja franka ya Kongo: moja kwa zaïre mpya 100,000. Nani angekopesha kwa miaka 30 katika feza ya namna hiyo? Kwa hiyo mikopo ikawa ya muda mfupi, ya dola, na ya intere kubwa.

Kuna pia sheria ya tarehe 20 Julai 1973. Inasema udongo ni wa serikali. Sisi tunapewa haki ya kuutumia na kujenga. Hipoteke ya sheria inahitaji sertifika ya konservateri. Karatasi ya chefu ao ya mtaa peke yake haitoshi. Mwanachama anayeambiwa «lete tu karatasi yako tuishike» ajue kwamba hiyo si hipoteke, na aulize vizuri inaitwa nini.

Na hesabu ya kwetu ina mtego wake. Tuseme umekopa dola 10,000 kwa miezi 36, intere 2 kwa 100 kwa mwezi. Kama intere inahesabiwa kwa deni lililobaki, utalipa dola 392 kwa mwezi, jumla karibu 14,100. Kama inahesabiwa kila mwezi kwa zile 10,000 za mwanzo, utalipa 478 kwa mwezi, jumla 17,200. Ni ile ile «2 kwa 100», lakini tofauti ni dola zaidi ya 3,000. Hiyo ni mabati na saruji ya chumba kizima.

Tushike nini

Kwanza, kabla ya sahihi, uliza maulizo manne: jumla yote nitalipa ngapi mpaka mwisho? Intere inahesabiwa kwa deni lililobaki ao kwa deni la mwanzo? Inaweza kupanda? Nikilipa mbele ya wakati, kuna adhabu?

Pili, kwa wandugu walio Marekani, mwambieni hivi: kwa lile deni la 100,000 kwa intere ya 7, ukiongeza dola 100 kila mwezi tangu mwanzo, deni linaisha katika miaka 20 na miezi 7, na unaokoa dola karibu 50,000. Lakini aseme wazi kwa banki kwamba ile 100 ni ya kupunguza deni lenyewe. Na dola 100 ni mara nyingi kile tunachomuomba atume. Sisemi tusiombe. Mgonjwa ni mgonjwa, na masomo ya mtoto hayangoji. Nasema tujue tunachoomba kinatoka wapi.

Tatu, sisi wenyewe, likelemba yetu inatembea polepole lakini haina intere ya miaka 30. Aliyemaliza chumba kimoja kwa zamu yake, kile chumba ni chake usiku huo huo.

Mwenye karatasi ya mkopo asiyoielewa ailete kwenye mkutano kabla ya kuweka sahihi. Tutaisoma pamoja, na kalamu mkononi.