Hemolisisi, au Mpasuko wa Chembe Nyekundu

Maneno "upungufu wa damu" kwenye cheti cha hospitali huficha mambo matatu. Mtu hupungukiwa kwa kuwa damu imemtoka, kama mama aliyevuja sana baada ya kujifungua. Hupungukiwa pia kwa kuwa mwili hautengenezi ya kutosha, mathalani akikosa madini ya chuma. Na yuko anayepungukiwa ilhali halijamwagika hata tone, na uboho wa mifupa yake unafanya kazi usiku na mchana. Huyu chembe zake nyekundu zinakufa upesi kuliko zinavyozaliwa. Hilo la tatu ndilo madaktari huliita hemolisisi.

Asili ya neno ni Kigiriki: haima ni damu, lysis ni kufungua au kulegeza kilichoshikamana. Kulitia katika Kiswahili si kazi nyepesi. "Kuvunjika kwa damu" hakusemi ni nini hasa kinachovunjika. "Kuharibika kwa damu" ni kubaya zaidi, kwa sababu mgonjwa atasikia "damu chafu", na damu chafu mitaani kwetu ni tuhuma. Mimi nachagua kupasuka: utando wa chembe unachanika, na himoglobini iliyokuwa ndani inamwagika. Mtaalamu atanipinga akisema kwamba chembe nyingi hazipasukii mishipani, bali humezwa na kusagwa na seli za bandama na ini. Yuko sahihi. Ndiyo maana vitabuni ningebakiza hemolisisi, linalobeba hali zote mbili, na "mpasuko wa chembe nyekundu" nikauacha kwa mazungumzo ya muuguzi na mgonjwa.

Kufa kwa chembe peke yake si ugonjwa. Chembe nyekundu ya mtu mzima huishi siku 120 hivi, na kila sekunde takriban milioni 2 huondolewa na nyingine kuchukua nafasi zake. Chuma chake huhifadhiwa kitumike tena. Mabaki ya himoglobini hugeuzwa kuwa bilirubini, kitu cha rangi ya manjano ambacho ini hukitoa kupitia nyongo. Chembe zikifa kwa wingi, ini huzidiwa, na macho ya mgonjwa huwa ya manjano. Hapa lugha yetu ina mtego mwingine: wengi huita hali hii "homa ya manjano", jina la ugonjwa wa virusi unaoenezwa na mbu na wenye chanjo yake. Mwenye umanjano wa hemolisisi huenda hana homa kabisa.

Selimundu ndiyo mfano tunaoujua zaidi, na ni istilahi iliyoundwa vizuri: seli, na mundu wa kukatia nyasi. Chembe iliyopinda hivyo ni dhaifu, hudumu siku 10 hadi 20 tu. Chuma cha chembe zinazokufa hubaki mwilini, kwa hiyo vidonge vya chuma, ambavyo jirani yeyote atakushauri "vya kuongeza damu", mara nyingi sivyo mgonjwa huyu anavyohitaji. Hospitalini hupewa asidi ya foliki, kwa sababu uboho unaotengeneza chembe bila kupumzika huitumia kwa wingi.

Upo pia upungufu wa kimeng'enya cha G6PD, kinachoilinda chembe dhidi ya kemikali kali. Hurithiwa, na huwapata zaidi wanaume. Mwenye hali hii huishi bila kujijua mpaka ameze dawa fulani, kama primakwini ya malaria au dapsoni, au mtoto achezee vile vidonge vya nafthalini vinavyowekwa kabatini kufukuza nondo. Mwaka 2008 dawa ya malaria iliyochanganya klorproguanili na dapsoni, iliyokuwa ikitumika Afrika, iliondolewa sokoni kwa sababu ya hemolisisi kwa wagonjwa wa aina hii. Malaria yenyewe hupasua chembe, na damu ya kuongezewa isiyolingana na kundi la mgonjwa hufanya hivyo kwa kishindo.

Kuna wakati neno hili halimhusu mgonjwa hata kidogo. Jibu la maabara likisema sampuli ina hemolisisi, mara nyingi maana yake ni kwamba chembe zimepasukia kwenye chupa: sindano ilikuwa nyembamba mno, au chupa ilitikiswa kwa nguvu. Potasiamu iliyokuwa ndani ya chembe humwagika na kupandisha kipimo kwa uongo, ndipo unaombwa kutolewa damu upya. Usiogope, na usigombane na mtu wa maabara.

Ila mkojo ukigeuka mweusi kama chai ya rangi baada ya kuanza dawa mpya, au macho ya mtoto mchanga yakiwa manjano ndani ya saa 24 za kwanza, nenda hospitali siku hiyohiyo. Chukua na pakiti ya dawa, na umuulize daktari waziwazi: damu hii inapungua kwa kutoka, kwa kutotengenezwa, au kwa kupasuka?