Kesi Yako Kisii Ama Nyamira Imetupwa Juu Hukufika Kortini? Soma Hii Kwanza

Msee, hii ni yako wewe uko Nairobi unahustle, na kesi ya shamba la babu iko kortini Kisii, Nyamira, Keroka ama Ogembo. Siku ya kusikizwa imefika na fare ya kwenda ocha hauna. Unajiambia, "Nitaenda next time." Next time inaweza kukosa kuwa.

Sheria inasemaje?

Kesi za madai zinaongozwa na kanuni za 2010, Agizo la 12. Kesi yenu inaitwa, na kutoka hapo swali ni moja: nani amefika?

Mkikosa nyote wawili: korti inaweza kutupa kesi, lakini unaweza kuifungua upya bora muda wa kisheria haujaisha. Kurudishiwa shamba ni miaka 12, mkataba ni 6, na kudai fidia ukiumia kwa ajali ya mathree ni 3 tu.

Akifika mpinzani pekee na akatae madai yako yote: kesi inatupwa, isipokuwa korti ione sababu nzuri ya kuiacha na iiandike. Hapa ndio noma, juu huwezi kufungua ingine kuhusu jambo hilo hilo. Na kama yeye pia alikuwa anakudai, anaweza kuthibitisha madai yake bila wewe.

Na petition ya uchaguzi?

Petition ya MCA, mbunge ama gavana inafailiwa ndani ya siku 28 baada ya matokeo kutangazwa. Ikitupwa baada ya hapo, kuanza upya haiwezekani. Na kuna doh ya dhamana: 100,000 kwa MCA, 500,000 kwa mbunge ama gavana. Gharama za mpinzani zinaweza kulipwa kutoka hapo.

Imeshatupwa, utado?

Kwa kesi ya madai, kanuni ya 7 ya Agizo hilo hilo inakuruhusu kuomba korti ifute uamuzi wake. Weka hati ya kiapo ukieleza ni nini kilikuzuia, na ushahidi: barua ya hosi, kwa mfano. Majaji bado wanafuata kesi ya Shah dhidi ya Mbogo ya 1967: korti inasaidia aliyepatwa na ajali ama kosa la kueleweka, si anayechelewesha kesi makusudi. Kwa hivyo usikae miezi. Hata ukikubaliwa, unaweza kuambiwa ulipie mpinzani siku aliyopoteza.

Jikinge mapema

Angalia tarehe yako kwa orodha ya kesi. Ukijua hutafika, mwambie wakili mapema aombe tarehe ingine, ama aulize kama utaskizwa kwa video. Na usimwachie wakili kila kitu. Akisahau, anayepoteza shamba ni wewe.