Prokariota na yukariota: Kwa nini dawa moja haiwezi kutibu homa zote

MVUA kubwa inaponyesha Habaswein, katika Kaunti ya Wajir, vumbi lililoupa mji huo jina lake la Kisomali hutulia, malisho huchipuka na ngamia huanza kutoa maziwa kwa wingi. Lakini neema hiyo mara nyingi huandamana na homa.

Homa hiyo huenda ikawa malaria, inayoletwa na mbu waliozaliana katika madimbwi. Huenda pia ikawa brusela, ugonjwa unaompata mtu anayekunywa maziwa mabichi ya mnyama aliyeambukizwa au kumhudumia mnyama huyo anapozaa. Wagonjwa wa homa hizi mbili hufanana mno: hutetemeka, hutokwa na jasho, huumwa na kichwa na viungo, na kuishiwa na nguvu. Kwa kuwatazama tu, ni vigumu hata kwa mtaalamu kuwatenganisha.

Hata hivyo, viini vya magonjwa hayo mawili viko mbali sana kimaumbile. Brusela husababishwa na bakteria, ambayo ni prokariota. Malaria husababishwa na kimelea ambacho ni yukariota, kama alivyo ngamia, mgunga na binadamu mwenyewe. Dawa inayoua kiini kimoja haina budi kuchaguliwa kwa kuzingatia umbile lake, la sivyo mgonjwa atameza vidonge bure huku maradhi yakizidi kukita mizizi.

Makala haya yanaeleza tofauti za aina hizo mbili za seli, somo ambalo wanafunzi wa sekondari hulikariri kwa ajili ya mtihani, ilhali mfugaji hukutana nalo kila siku zizini mwake.

Majina haya yametoka wapi

Seli ndiyo sehemu ndogo kabisa ya kiumbe inayoweza kuitwa hai. Mwingereza Robert Hooke ndiye aliyeipa jina hilo mwaka wa 1665, baada ya kutazama kipande cha gamba la mti kwa hadubini na kuona vijumba vidogo vidogo. Miaka michache baadaye, Antonie van Leeuwenhoek wa Uholanzi aliona viumbe wadogo mno wakiogelea katika tone la maji, wakiwemo bakteria.

Mwaka wa 1831, Robert Brown wa Scotland alieleza kwamba ndani ya seli za mimea mna kidonge kimoja cha mviringo, akakiita kiini. Baadaye ilidhihirika kwamba seli za bakteria hazina kidonge hicho. Mfaransa Edouard Chatton aliyatumia majina ya prokariota na yukariota mwaka wa 1925, nayo yakaenea baada ya mwaka wa 1962, wakati Roger Stanier na Cornelis van Niel walipoyafafanua kwa kina.

Majina yenyewe ni ya Kigiriki. Karyon ni kokwa, yaani kiini. Prokariota basi ni kiumbe wa "kabla ya kokwa", na yukariota ni kiumbe mwenye "kokwa halisi".

Prokariota wamegawanyika katika makundi mawili, bakteria na akea. Carl Woese wa Marekani na mwenzake George Fox ndio walioonyesha mwaka wa 1977 kwamba akea ni kundi la kujitegemea. Yukariota ni wanyama, mimea, kuvu na viumbe wengi wa seli moja wanaoitwa protozoa.

Tofauti kuu

Tofauti ya kwanza na iliyo kubwa zaidi ni kiini. Katika yukariota, DNA inayobeba maagizo ya urithi imefungwa ndani ya utando maalumu. Katika prokariota, DNA imekunjamana katikati ya seli bila utando wowote wa kuizingira.

Pili, DNA ya prokariota kwa kawaida ni mviringo mmoja uliofungamana, kama mkufu. Ile ya yukariota hugawanywa katika nyuzi kadhaa zinazoitwa kromosomu. Binadamu ana kromosomu 46 katika seli zake nyingi za mwili, nacho kimelea cha malaria cha Plasmodium falciparum kina 14.

Tatu, seli ya yukariota imegawanywa vyumba kama nyumba. Mna mitokondria zinazozalisha nishati, mna vifuko vya kumeng'enya taka, na katika mimea mna kloroplasti zinazonasa mwanga wa jua. Prokariota hana mitokondria wala kloroplasti. Kazi zake zote hufanyika katika ukumbi mmoja, na nishati huzalishwa kwenye utando wa nje.

Nne ni ribosomu, yaani viwanda vya kutengeneza protini. Seli zote huwa nazo, lakini za prokariota ni ndogo na zimeundwa tofauti na zile za yukariota. Wanasayansi huziita 70S na 80S kwa kufuata kasi ya kuzama kwake zinapozungushwa katika mashine yenye nguvu.

Tano, bakteria nyingi zina ukuta mgumu uliojengwa kwa peptidoglikani, kitu ambacho hakipatikani katika mwili wa binadamu wala wa mnyama. Mimea na kuvu pia zina kuta, lakini za malighafi nyingine.

Sita ni ukubwa na namna ya kuzaana. Bakteria nyingi zina urefu wa mikromita moja hadi tano, na mikromita 1,000 hufanya milimita moja tu. Seli nyingi za yukariota ni za mikromita 10 hadi 100. Bakteria hujigawa mara mbili bila shughuli nyingi. Inayojigawa kila baada ya dakika 20 yaweza kuzaa zaidi ya milioni mbili kwa saa saba, endapo chakula kitatosha.

Mwanafunzi asije akatatizika hapa. Seli nyekundu za damu ya binadamu zilizokomaa hazina kiini. Za ngamia pia hazina, tena zina umbo la yai, tofauti na za mamalia wengi ambazo ni za duara. Hilo halizifanyi kuwa prokariota, kwani zilizaliwa na kiini kisha zikakitoa zilipokuwa zikikomaa.

Homa mbili, dawa mbili

Sasa turejee kwa mgonjwa wetu wa Habaswein.

Dawa za antibiotiki hufanya kazi kwa kutumia tofauti tulizozitaja. Penisilini, ambayo Alexander Fleming aliigundua mwaka wa 1928, huizuia bakteria kujenga ukuta wake. Tetrasaiklini na jamaa yake doksisaiklini huzikwamisha ribosomu za 70S. Kwa kuwa binadamu hana ukuta huo, na ribosomu zake kuu ni za 80S, dawa huua bakteria na kumwacha mgonjwa salama kwa kiasi kikubwa.

Bakteria ya brusela iligunduliwa na daktari wa jeshi la Uingereza, David Bruce, katika kisiwa cha Malta mwaka wa 1887. Ina hila moja: hujificha ndani ya seli nyeupe za damu, ambazo ndizo askari wa mwili. Prokariota huishi ndani ya yukariota. Kwa sababu hiyo, matibabu yake huchukua muda mrefu, kwa kawaida wiki sita za doksisaiklini pamoja na antibiotiki nyingine, mathalani rifampisini. Anayeacha dawa baada ya siku chache kwa kuwa amepata nafuu huenda akaugua tena.

Kimelea cha malaria kilionekana kwa mara ya kwanza mwaka wa 1880, wakati daktari Mfaransa Alphonse Laveran alipochunguza damu ya wagonjwa nchini Algeria. Kwa vile ni yukariota, hakina ukuta wa peptidoglikani, hivyo penisilini haina pa kukishika. Dawa ya artemetha na lumefantrini, ambayo Kenya iliichagua mwaka wa 2004 kuwa tiba ya kwanza ya malaria isiyo kali, hutumia udhaifu mwingine. Kimelea hiki hula hemoglobini ya damu, na chuma kinachotokana na mlo huo huamsha artemetha na kuifanya kuwa sumu. Brusela haina mlo huo, na kwa hiyo dawa ya malaria haiiondoi.

Kukosea hapa ni hatari. Mapema mwaka wa 1998, baada ya mvua za El Nino, Wajir ilikumbwa na mlipuko mkali wa malaria uliowaua watu wengi, kwani wakazi wa maeneo makavu hawana kinga ya kutosha dhidi ya ugonjwa huo. Katika hali kama hiyo, mtoto anayepewa antibiotiki pekee hupoteza saa ambazo zingeyaokoa maisha yake. Kwa upande mwingine, mtu mzima anayemeza dawa za malaria kila mwezi huku akiwa na brusela huishia na maumivu sugu ya mgongo na viungo.

Mbuzi anayekohoa, ngamia anayekonda

Kosa hilo hilo hutokea kwa mifugo, ambayo ndiyo akiba ya mfugaji.

Homa ya mapafu ya mbuzi husababishwa na Mycoplasma, prokariota ambaye alitengwa katika maabara kwa mara ya kwanza hapa Kenya mwaka wa 1976. Ajabu yake ni kwamba hana ukuta kabisa. Mfugaji anayemdunga mbuzi wake penisilini hupata hasara, maana dawa hiyo hushambulia ukuta usiokuwapo. Tetrasaiklini humfaa mbuzi huyo, kwani Mycoplasma ana ribosomu kama bakteria nyingine.

Ngamia naye husumbuliwa na surra, ugonjwa ambao Wasomali huuita dhukaan. Huenezwa na nzi wakubwa wanaouma. Ngamia hukonda, huishiwa na damu na huenda akatoa mimba. Griffith Evans alikigundua kiini chake nchini India mwaka ule ule wa 1880, nacho kikaitwa Trypanosoma evansi kwa heshima yake. Hiki ni protozoa mwenye kiini halisi na mitokondria. Tetrasaiklini iliyomwokoa mbuzi haimponyi ngamia huyu. Anahitaji dawa za kuua tripanosoma, kama vile kwinapiramini.

Chupa moja ya dawa mkononi, wanyama wawili wagonjwa zizini. Mmoja atapona, na mwingine ataendelea kukonda.

Wageni waliogeuka wenyeji

Pamoja na tofauti zote hizo, yukariota ana deni kwa prokariota. Mwaka wa 1967, Lynn Margulis wa Marekani alichapisha hoja kwamba mitokondria na kloroplasti ni mabaki ya bakteria zilizomezwa na seli nyingine zama za kale, zikakaa humo bila kufa. Ushahidi uliopatikana baadaye uliithibitisha hoja hiyo. Mitokondria zina DNA yake zenyewe, na pia ribosomu zinazofanana na za bakteria. Isitoshe, nasaba yake imefuatiliwa hadi kundi lile lile la bakteria ambalo brusela imo.

Jambo hili linaeleza fumbo moja. Doksisaiklini, ambayo ni dawa ya bakteria, hutolewa pia kwa wasafiri ili kuwakinga na malaria. Hufanya kazi kwa sababu kimelea cha malaria kina kiungo kidogo chenye asili ya bakteria, nacho hudhurika kwa dawa hiyo. Lakini hudhurika polepole, ndiyo maana doksisaiklini pekee haitegemewi kumtibu mtu ambaye tayari ameugua.

Kisicho prokariota wala yukariota

Kuna homa ya tatu, ambayo iko nje ya makundi haya mawili. Homa ya Bonde la Ufa ilitambuliwa karibu na Naivasha mwaka wa 1931, na imewahi kuzuka Kaskazini Mashariki mwaka wa 1997 na 1998, kisha 2006 na 2007, na Wajir tena mwaka wa 2018. Husababishwa na virusi, ambavyo si seli. Virusi havina ribosomu wala ukuta wa kushambuliwa na antibiotiki. Kinga yake ni chanjo ya mifugo, kujihadhari na mbu, na kuepuka kuchinja au kula mnyama mgonjwa.

Si prokariota wote walio maadui. Katika kibuyu cha suusac, maziwa ya ngamia yaliyoachwa yagande, bakteria za asidi ya maziwa huishi pamoja na hamira, ambayo ni kuvu na kwa hiyo ni yukariota. Prokariota na yukariota hufanya kazi bega kwa bega mpaka maziwa yakachachuka. Hata hivyo, ugandishaji huo hautegemewi kuua brusela zote, hivyo ni salama zaidi maziwa yakichemshwa kwanza.

Kupima kabla ya kumeza

Daktari wa kituo cha afya anayechukua tone la damu kabla ya kuandika dawa anatafuta jibu la swali moja: je, kinachomshambulia mgonjwa huyu ni prokariota, yukariota, au si seli kabisa? Hadubini na kipimo cha haraka huonyesha malaria, na vipimo vya kingamwili husaidia kubaini brusela. Afisa wa mifugo naye huchunguza damu ya ngamia ili kuona iwapo tripanosoma wanaogelea humo.

Antibiotiki zinazotumiwa kiholela zina madhara mengine. Huua bakteria dhaifu na kuziacha zile sugu zizaane, hadi siku ambayo dawa itakapohitajika kwa dhati isifue dafu. Kwa mfugaji aliye mbali na hospitali, dawa inayofanya kazi ni mali sawa na ngamia wa maziwa. Inafaa itunzwe kwa kupima kwanza, na kwa kuimaliza dozi yote baada ya kupimwa.