Kuu si Kubwa: Kivumishi -kuu na Jina la Ndia Kuu ya Mombasa

1.0 Utangulizi

Ndia Kuu huanzia jirani ya Ngome ya Yesu na kuingia ndani ya Mji wa Kale wa Mombasa kuelekea kaskazini. Jina lake humtatiza msomaji aliyezoea kuchukulia kwamba -kuu na -kubwa ni maneno mawili ya maana moja. Njia yenyewe ni nyembamba. Imebanwa huku na huku na nyumba za ghorofa zenye roshani za mbao, na gari likipita, mwenda kwa miguu hana budi kujibanza ukutani. Kwa kipimo cha macho, si njia kubwa. Ama waliolitoa jina hili walitia chumvi, ama -kuu haikukusudiwa kupima upana.

Makala haya yanashikilia rai ya pili. Yanakusudia kuonyesha kwamba -kuu ni kivumishi cha daraja na cha umri, wala si cha umbo. Kwamba maana zake mbili zimetokana na shina moja la kale. Na kwamba jina la Ndia Kuu limezihifadhi zote mbili mahali pamoja. Suala hili si la wapenda majina ya mitaa peke yao. Sehemu kubwa ya ushairi wa Mvita husomwa leo, vyuoni na shuleni, kwa msaada wa kamusi zilizojengwa juu ya lahaja nyingine. Ikiwa neno fupi kama hili hupotoshwa linapokuwa jina la njia ambayo kila mtu anaweza kwenda kuitazama, yafaa kuuliza hupotoshwa mara ngapi linapokuwa ndani ya beti.

2.0 Asili ya shina

Shina -kuu lina ndugu wengi katika lugha za Kibantu. Katika lugha hizo mara nyingi huwapo konsonanti ya pili ambayo Kiswahili kimeidondosha. Udondoshaji huo hauhusu neno hili pekee. Penye juu katika Kiswahili, Kikuyu kina igũrũ na Kiganda kina eggulu. Penye mguu, Kikuyu kina kũgũrũ na Kiganda kina okugulu. Kwa kanuni iyo hiyo, -kuu inalingana na -kũrũ ya Kikuyu, -kulu ya Kiganda, -kuru ya Kishona na -khulu ya Kizulu. Kitenzi kukua nacho ni cha ukoo huo.

Ulinganifu wa sauti ni dhahiri, lakini maana zimetawanyika. Katika Kikuyu shina hili huelekea kwenye uzee na ukale: mũkũrũ ni mtu aliyekula chumvi nyingi. Katika Kiganda, omukulu ni mtu mzima, mwenye heshima au mwenye mamlaka. Katika Kishona na Kizulu, shina hilo limeenea hata likawa neno la kawaida la ukubwa wa umbo. Matawi haya matatu yanaweza kuelezwa kwa wazo moja la msingi, yaani hali ya kuwa umekua. Aliyekua amepata umri, kwa umri amepata daraja, na pengine amepata kimo pia. Kila lugha ikachagua tawi la kukazania.

Kiswahili kilichagua kwa namna ya pekee. Tawi la umbo kiliachia -kubwa. Tawi la daraja kililiacha kwa -kuu. Tawi la ukale kilililinda kwa kulirudufu shina, ndipo tukapata kuukuu: nguo kuukuu, jembe kuukuu, yaani kitu kilichotumika hata kikachakaa. Kwa hiyo neno lilelile likitamkwa mara moja hupandisha, na likitamkwa mara mbili huteremsha. Hata hivyo uteremshaji huo si wa moja kwa moja. Methali isemayo ukuukuu wa kamba si upya wa ukambaa humkumbusha msikiaji kwamba kilichochakaa chaweza kushinda kipya kwa ubora wa asili yake. Hapo uchakavu na hadhi, vilivyotenganishwa na urudufishaji, hukutana tena.

3.0 Mpaka kati ya -kuu na -kubwa

Edward Steere, katika kitabu chake cha sarufi cha mwaka 1870 kilichotegemea Kiunguja, alikwisha kutambua kwamba -kubwa huelekea kwenye ukubwa wa umbo na -kuu kwenye ukubwa wa kitamathali. Maelezo hayo yanafaa kuwa mwanzo, lakini hayatoshi. Tofauti si ya umbo na tamathali tu; ni ya kipimo na uhusiano. Kitu huwa kikubwa kwa kiasi chake. Kitu huwa kikuu kwa nafasi yake miongoni mwa vya jinsi yake.

Mifano ya matumizi ya kila siku yadhihirisha jambo hili. Dar es Salaam ni mji mkubwa kuliko Dodoma, lakini mji mkuu wa Tanzania ni Dodoma. Chuo kikuu chenye wanafunzi wachache hakiwi chuo kidogo katika ngazi ya elimu. Sikukuu haina saa nyingi kuliko siku nyingine. Kifua kikubwa ni cha mtu aliyejengeka mwili. Kifua kikuu ni maradhi yanayomkondesha. Katika mfano huu wa mwisho, kubadilisha kivumishi kimoja kwa kingine ni kugeuza afya kuwa ugonjwa.

Sarufi nayo inatoa ushahidi. Husemwa bila taabu mji huu ni mkubwa mno, au mji huu ni mkubwa kuliko ule. Kusema mji huu ni mkuu mno, au ni mkuu kuliko ule, hulikwaruza sikio, kwa sababu daraja haliongezwi kwa kiasi: mji ama ndio mkuu, ama sio. Aidha, -kuu hupendelea kuambatana na nomino yake kuliko kusimama peke yake baada ya kitenzi kishirikishi. Hapa pana hali moja ya kuzingatiwa: Mwenyezi Mungu na binadamu wenye hadhi husifiwa kuwa ni wakuu bila kizuizi chochote. Lakini hali hiyo haiipingi hoja. Inaonyesha kwamba kwa viumbe na Muumba, ukuu huchukuliwa kuwa sifa ya dhati, ilhali kwa vitu ni cheo kilichotolewa.

Mpaka huu una vivuko vyake. Mkubwa wa kazi ana mamlaka hata akiwa mfupi, na ndugu mkubwa ni aliyetangulia kuzaliwa. Waislamu wa pwani, wanapoitafsiri takbira, husema Mungu ni Mkubwa. Yaelekea basi kwamba -kubwa imekuwa ikiingia katika mipaka ya -kuu kwa muda mrefu, huku -kuu yenyewe ikiwa haijaingia katika mipaka ya -kubwa. Ndiyo maana -kuu imezidi kuwa adimu katika mazungumzo huru, na kuzidi kushamiri katika istilahi: waziri mkuu, barabara kuu, katibu mkuu, kuhani mkuu, Ijumaa Kuu. Kivumishi kinachotumiwa sana katika vyeo na majina, na kidogo katika maelezo ya kawaida, kiko katika hatari ya kudhaniwa kuwa ni pambo.

Maana ya umri haikufa. Methali isemayo asiyesikia la mkuu huona makuu inabeba shina hili mara mbili. Mkuu ni mzee, aliyetangulia kuona. Makuu ni mambo mazito yatakayomfika mkaidi. Ni makosa kumfasiri mkuu huyo kuwa mwenye cheo tu. Methali inazungumzia mamlaka yatokanayo na kuishi.

4.0 Jina na historia ya njia

Vasco da Gama aliitembelea Mombasa kwa siku chache mwezi wa Aprili 1498. Karibu karne moja baadaye, mwaka 1593, Wareno walianza kuijenga Ngome ya Yesu kwa ramani ya Giovanni Battista Cairati, na makazi yao yakaota kando yake. Michoro yao ya karne ya kumi na saba inataja njia ya makazi hayo iitwayo Raposeira, na wanahistoria wameinasibisha na mkondo wa Ndia Kuu ya leo. Ngome ilitekwa na Waomani mwaka 1698, ikafuata enzi ya Mazrui hadi mwaka 1837, kisha utawala wa Busaidi, na mwaka 1895 himaya ya Waingereza. Chini ya himaya hiyo njia ilijulikana rasmi kama Vasco da Gama Street, na kadi za posta za mwanzoni mwa karne ya ishirini zaionyesha kwa jina hilo.

Majina haya matatu yana mantiki tatu mbalimbali. Raposeira ni jina lililotoka Ureno likahamishiwa ugenini. Vasco da Gama Street ni jina la ukumbusho. Linamtukuza mgeni, wala halisemi lolote juu ya njia. Ndia Kuu pekee ndilo jina lisemalo njia hii ni nini kwa watu wanaoipita. Leo jina la baharia huyo halimo tena, na lililobaki ni lile la wenyeji.

Yumkini patatolewa pingamizi kwamba Ndia Kuu ni tafsiri tu ya istilahi ya kizungu ya njia iliyo ya kwanza mjini. Umbo la jina linaidhoofisha hoja hiyo. Ofisi ingetafsiri, ingeandika Barabara Kuu au Njia Kuu. Ndia ni matamshi ya Kimvita, kama vile ndoo kwa njoo na ndaa kwa njaa. Umbo hilo halithibitishi umri wa jina, lakini lathibitisha kinywa lilikotoka. Isitoshe, kuipa njia cheo badala ya kipimo si jambo la Kiswahili peke yake. Miji mingi ya Wareno, Goa ikiwemo, ilikuwa na Rua Direita, yaani njia iliyonyooka, na njia hiyo ikabaki na jina hilo hata ilipopinda. Waingereza nao huita njia ya maduka katika miji yao njia ya juu, hata ikiwa bondeni.

Jambo zito zaidi ni lile lililotokea baada ya reli. Ujenzi wa reli ya Uganda ulianza Mombasa mwaka 1896 na kufika Ziwa Victoria mwaka 1901. Biashara ya meli kubwa ilihamia Kilindini, upande wa pili wa kisiwa. Mwaka 1905 makao makuu ya utawala yalihamishiwa Nairobi. Hivyo Mombasa ilikoma kuwa mji mkuu, na Ndia Kuu ikakoma kuwa njia ya kwanza ya Mombasa. Kama -kuu ingekuwa na maana ya daraja peke yake, jina lingekuwa limepitwa na wakati. Halikupitwa, kwa sababu maana ya umri ilikuwapo ndani yake ikisubiri. Njia iliyokuwa kuu kwa cheo imebaki kuwa kuu kwa kutangulia, mfano wa mzee aliyekwisha kuacha uongozi na bado anaitwa mkuu.

Ulinganisho na Unguja unaongeza nuru. Sehemu ya kale ya mji huo huitwa Mji Mkongwe, na ngome yake Ngome Kongwe. Ukongwe ni umri usiodai daraja. Mombasa, kwa upande wake, ina Mji wa Kale, na ukale ni wakati tu. Katika majina hayo yote hakuna linalofanya kazi ya -kuu, kwa kuwa -kuu huunganisha umri na haki ya kusikilizwa.

5.0 Athari kwa usomaji wa ushairi wa Mvita

Mkutano ulioichagua lahaja ya Kiunguja kuwa msingi wa Kiswahili sanifu ulifanyika mwaka 1928 mjini Mombasa kwenyewe. Tangu hapo matini za Kimvita zimekuwa zikihitaji maelezo pembeni ya ukurasa. Tungo za Muyaka bin Haji, aliyefariki yapata mwaka 1840, zilikusanywa na W. E. Taylor kwa msaada wa Mwalimu Sikujua, zikachapishwa na William Hichens mwaka 1940, na kuchambuliwa na Mohamed Abdulaziz mwaka 1979. Jitihada hizo zimeokoa mengi. Lakini mhariri huwa mwepesi kufafanua neno geni, na huliacha neno linaloonekana kujulikana. Neno -kuu ni la aina hii ya pili: kila msomaji hudhani analijua.

Aghalabu hudhaniwa pia kwamba mshairi huchagua kati ya -kuu na -kubwa kwa ajili ya mizani. Dhana hii haina msingi. Kuu ni silabi mbili, ku-u, na kubwa ni silabi mbili, ku-bwa. Mkuu na mkubwa ni silabi tatu kila moja. Mizani haibadiliki kwa kuchagua hili au lile. Mwishoni mwa kipande, kina chaweza kulazimisha, kwa kuwa kuu huenda pamoja na juu, guu na nafuu. Lakini neno likiwa katikati ya kipande, si kina wala mizani inayoweza kutolewa kuwa sababu. Inabaki maana. Kila penye -kuu katikati ya kipande, mhakiki anapaswa kuuliza: je, hapa pana daraja, pana umri, au vyote viwili?

6.0 Hitimisho

Imeonyeshwa kwamba -kuu hutaja nafasi na kutangulia, na kwamba upana si kazi yake. Kutokana na hayo, Ndia Kuu haifai kufasiriwa kuwa njia kubwa, wala kusanifishwa ikawa Njia Kuu. Tafsiri ya kwanza inaondoa maana ya kivumishi. Usanifishaji unaondoa sauti ya waliolitoa jina. Wahariri wa tungo za Mvita nao wangefanya vyema kulitolea neno hili maelezo kila linapotokea, hata linapoonekana kuwa jepesi. Njia yenye upana wa mikono michache imelibeba jina hili bila ya kuchekwa na wenyeji wake, na wao ndio waijuao lugha.