Nani Anasubiri Zamu?

Dakika tisini za soka, zikiingia kwenye kibanda cha gemu, hazifiki robo saa. Kibanda kiwe cha Iwawa, makao makuu ya Makete, ambako jioni baridi huwarudisha watu majumbani mapema, au kiwe cha Makambako karibu na njia panda ya kwenda Songea, utaratibu ni uleule: televisheni, pedi mbili, benchi la wanaosubiri, na mwenye kibanda aliyekwishapanga kwenye mashine kwamba kipindi ni dakika nne, tano, au sita akiwa na moyo mkunjufu. Saa ya kwenye kona ya kioo inakimbia kama imeiba. Kipindi cha dakika sita kikibeba dakika 45, sekunde moja ya ukutani inakuwa sekunde saba na nusu za uwanjani. Hakuna anayelalamika. Mechi inaisha 3-2, kuna aliyekosa penalti, kuna aliyetukanwa, na wote wanatoka wakiamini wamecheza mpira mzima.

Soka inakubali kubanwa hivyo kwa sababu inaongozwa na saa, na saa ya gemu unaweza kuiambia uongo. Besiboli haina saa ya namna hiyo. Huku kwetu wengi wameiona kwenye filamu tu, kwa hiyo nieleze kwa kifupi. Timu ni mbili, za watu tisa tisa. Moja inarusha na kudaka, nyingine inapiga na kukimbia kuzunguka vituo ili ipate alama. Inayopiga inaendelea mpaka wachezaji wake watolewe mara tatu, kisha wanabadilishana. Zote zikishapiga, awamu moja imekwisha. Awamu ni tisa, hivyo kila timu ina haki ya kutolewa mara 27 kabla ya kuambiwa basi. Hakuna mahali sheria inaposema mchezo uchukue dakika ngapi. Timu ya Knickerbocker ya New York, iliyoandika kanuni zake mwaka 1845, haikuwa hata na hizo awamu tisa: aliyefika alama 21 kwanza ndiye aliyeshinda. Idadi ya tisa ilikubaliwa mwaka 1857.

Matokeo yake ni kwamba kanuni ileile imezaa mechi ambazo huwezi kuamini ni za mchezo mmoja. Septemba 1919 New York Giants waliifunga Philadelphia Phillies 6-1 kwa dakika 51. Mei 1984 Chicago White Sox na Milwaukee Brewers walicheza awamu 25, saa nane na dakika sita, na ilibidi walale na kurudi kesho yake kumalizia. Ligi za chini huko Marekani zina kisa kikubwa zaidi: Pawtucket na Rochester walianza mechi Aprili 1981 na kuimaliza Juni, awamu 33.

Mtu aliyezoea soka huona huu ni wazimu. Mimi naona kuna haki fulani ndani yake ambayo soka haina. Waliokaa Uwanja wa Sabasaba, Njombe, msimu wa 2017/18 Njombe Mji ilipokuwa Ligi Kuu, wanajua kinachotokea kwenye viwanja vyote vya nchi hii: timu ikitangulia kwa goli, ghafla kipa anaumwa mgongo, mpira wa kurusha hauna mwenyewe, na anayetolewa anatembea kama anasindikiza mwali. Saa inamlipa anayelala. Kombe la Dunia la Qatar mwaka 2022 waamuzi walijaribu kulirekebisha hilo, na mechi ya Uingereza na Iran ikaongezwa muda unaopita dakika 25 kwa vipindi vyote viwili. Kwenye besiboli kulala hakukusaidii kitu. Hata ukiongoza kwa alama kumi, lazima umrushie mpira mpigaji wa mwisho na umtoe, na yeye akikataa kutoka mchezo unaendelea. Uongozi haukaliwi juu yake mpaka filimbi.

Sasa uchukue mchezo huu wa awamu tisa uupeleke kwenye gemu. Mtengenezaji hana saa ya kuikimbiza. Anaweza kufuta vitu vya katikati: mrushaji kujipangusa jasho, mpigaji kurekebisha glavu, timu kupishana uwanjani. Na hivyo ni vingi. Gazeti la Wall Street Journal lilihesabu mwaka 2013 likakuta kwamba ndani ya mechi ya karibu saa tatu, kazi yenyewe ya mpira haizidi dakika 18 hivi. Ukifuta vyote hivyo, mechi kamili kwenye pedi bado inaweza kula karibu saa nzima, kwa sababu wale 27 wako palepale na kila mmoja anataka kurushiwa. Kinachobaki ni kukata awamu. MLB The Show, gemu kubwa ya mchezo huu kwa sasa, inamruhusu mchezaji kuchagua mechi fupi, hata ya awamu tatu.

Kukata huku hakufanani na kukimbiza saa. Awamu tatu ni kutolewa mara tisa, na wapigaji ni tisa. Mrushaji akiwa na siku njema, kila mpigaji anamwona mara moja tu na mechi imekwisha. Kwenye mechi kamili mpigaji huyo angemwona mara tatu, pengine nne. Mara ya kwanza anashangaa, mara ya pili anakadiria, mara ya tatu ameshajua mpira unakotoka, na mrushaji naye mkono umechoka. Makocha hupanga mechi nzima kuzunguka hiyo mara ya tatu: nani aondolewe, lini, na nani aliyekaa nje aanze kupasha moto. Mechi ya awamu tatu haina mara ya tatu. Soka ya kibandani ni soka iliyofinywa, bado ina mwanzo, kati na dakika za majeruhi. Besiboli ya awamu tatu ni mwanzo wa besiboli, halafu umeondoka.

Bao linasaidia kuliona hili vizuri. Bao la Kiswahili nalo halina saa, na nalo limejengwa juu ya hesabu, ila hesabu yake iko upande wa mwanzo. Safu nne, mashimo manane kila safu, kete 64. Kila mchezaji anaanza na kete 22 mkononi, na kila zamu anaingiza moja. Hiyo ndiyo namu, na kwa kuwa kete za mkononi zinapungua moja moja, watazamaji wote wanajua imebaki kiasi gani, kama wanavyojua Wamarekani kwamba wamebaki watu wanne wa kutolewa. Ukimmaliza mwenzako safu ya mbele wakati bado ana kete mkononi, umemfunga mkononi, na hiyo ni aibu yenye jina lake. Lakini kete zikiisha mkononi, kihesabio kimezimwa. Inaanza mtaji, na kuanzia hapo hakuna anayejua. Mchezo unaweza kwisha kwa mizunguko mitatu au ukapigwa mpaka giza, mpaka mmoja akose kete safu ya mbele au akose shimo lenye kete mbili za kuchezea. Hata zamu moja haina kikomo cha uhakika: wataalamu wa hesabu wameonyesha kwamba kuna mipangilio ambayo mchezaji akianza kusambaza kete, kwa kanuni, hatatua kamwe.

Bao nalo lina toleo fupi, na wazee walilitengeneza kabla ya televisheni. Bao la kujifunza linaanza kete mbili mbili kila shimo, hakuna namu, mnaingia moja kwa moja kwenye mapambano. Angalia walichokata. Waliondoa kichwa wakaacha mkia, kwa sababu walijua kwamba mwanafunzi anahitaji kuuona mchezo ukiisha. Gemu ya besiboli inafanya kinyume, inaacha kichwa na kukata mkia. Ningependa kusema wazee walikuwa na akili zaidi, lakini haki ni kukiri kwamba hawakuwa na benchi la watu waliolipa nyuma yao.

Nadhani hapo ndipo penye jibu. Urefu wa mchezo hupangwa na anayesubiri, na wachezaji hupewa kilichobaki. Machi 1939 Uingereza na Afrika Kusini walikutana Durban kwa mechi ya kriketi isiyo na kikomo, ichezwe mpaka mshindi apatikane. Walianza tarehe 3. Tarehe 14 Uingereza walikuwa wanahitaji alama 42 tu, wana watu watano wa kutolewa, mvua ikanyesha, na meli ya kuwarudisha kwao ilikuwa Cape Town haiwezi kuwangoja. Mechi isiyo na mwisho ikamalizwa na ratiba ya meli, bila mshindi.

Ligi kuu ya besiboli ya Marekani nayo ilikuwa na wanaoisubiri: watazamaji wenye kazi asubuhi na vituo vya televisheni. Mwaka 2022 mechi ya kawaida ilipita saa tatu. Mwaka 2023 waliweka saa kwa mrushaji, sekunde 15 kama hakuna mkimbiaji vituoni, sekunde 20 kama yupo, na mechi zikashuka hadi saa mbili na dakika 40 hivi. Hawakugusa awamu hata moja. Walifuta zile glavu na jasho ambazo gemu ilikuwa imeshazifuta zamani. Ila zikifika awamu za nyongeza wanamweka mkimbiaji wa bure kwenye kituo cha pili ili watu waende kulala, na hapo wahafidhina wa mchezo wanasaga meno mpaka leo.

Japani anayesubiri ni bega la kijana. Mashindano ya shule za sekondari ya Koshien, yaliyoanza mwaka 1915, yanapendwa kuliko ligi nyingi za wakubwa, na ndiyo jina walilolileta marafiki wa Kijapani walioanzisha besiboli kwenye shule zetu, Azania ya Dar es Salaam ikiwa mojawapo. Mwaka 1998 kijana wa Yokohama aitwaye Daisuke Matsuzaka alicheza awamu 17 peke yake, akarusha mipira 250. Ilisifiwa kama ushujaa. Fainali ya 2006 ilikwenda awamu 15 ikatoka 1-1, ikarudiwa kesho yake na warushaji walewale. Taratibu nchi ikaanza kuuliza ushujaa huo unalipiwa na nani. Tangu 2018 wanaanza awamu ya 13 na wakimbiaji wakiwa tayari vituoni ili mechi iishe, na tangu 2023 wamesogeza hadi awamu ya 10. Watoto wadogo walipunguziwa mapema zaidi: vijana wa Lugazi, Uganda, timu ya kwanza ya Afrika kucheza fainali za dunia za Little League kule Williamsport mwaka 2012, walicheza awamu sita kama wenzao wote, na wakarudi na ushindi mmoja wa 3-2.

Turudi kibandani. Mwenye kibanda anauza mechi, na anaweza kuziuza kwa bei moja kwa sababu zote zina urefu mmoja. Mwekee besiboli, hata ya awamu tatu, hesabu inamharibikia. Mechi mbili za bei moja, hii dakika kumi, ile arobaini, kwa sababu tu kijana wa pili amegoma kutolewa. Atalazimika kuuza kwa saa, na akiuza kwa saa, anayefungwa ndiye atakayeanza kurekebisha glavu.

Kwa kitu kimoja tu besiboli ingemfaa. Makete mvua ni nyingi na umeme hukatika. Besiboli iliwahi kulifikiria hilo kabla ya umeme wenyewe: kwa kanuni yake ya siku nyingi, mvua ikivunja mchezo baada ya awamu tano, matokeo yanahesabiwa. Gemu ya soka haina kanuni hiyo. Umeme ukikatika dakika ya 70, aliyekuwa anaongoza 2-1 anasema mechi ilishakwisha, aliyekuwa nyuma anadai irudiwe kuanzia mwanzo, walioko kwenye benchi wanasema wote wawili watoke zamu imeshafika, na mwenye kibanda, ambaye hela ameshaipokea, anatafuta mshumaa.