Picha za kale za Mau Mau katika filamu za leo

Mtayarishaji wa filamu ya makala anayetaka kusimulia vita vya Mau Mau katika misitu ya Nyandarua na Mlima Kenya hukumbana na kizingiti mapema: karibu filamu zote za wakati huo zilipigwa na upande wa mkoloni. Baada ya hali ya hatari kutangazwa Oktoba 20, 1952, kampuni kama British Pathé ziliwaonyesha Waingereza habari ambazo msimulizi wake aliwaita wapiganaji magaidi.

Dedan Kimathi alipokamatwa karibu na Nyeri mnamo Oktoba 21, 1956, alipigwa picha akiwa amelala, ametiwa pingu. Waliompiga walitaka aonekane ameshindwa. Leo picha iyo hiyo hutazamwa kwa heshima.

Kwa hivyo mhariri hulazimika kuamua: ainyamazishe sauti ya msimulizi, au aiache ili propaganda ijifichue yenyewe? Mimi ningeiacha, mradi mashahidi wa vijijini wapewe nafasi ya kujibu. Kisha kuna gharama, kwani haki ya kutumia picha hizo aghalabu hulipiwa kulingana na urefu wake.

Katika Our Land, Our Freedom (2023) ya Meena Nanji na Zippy Kimundu, Wanjugu Kimathi anatafuta mabaki ya babake, aliyenyongwa Kamiti Februari 18, 1957.